Eneo la mipango ya kikanda ni nini? Tulitazame kupitia Dar es Salaam

Eneo la mipango ya kikanda ni eneo linalopangwa kwa pamoja ingawa limo chini ya halmashauri zaidi ya moja. Kila manispaa inabaki na meya wake, madiwani wake na bajeti yake. Kinachopangwa kwa pamoja ni yale ambayo halmashauri moja haiwezi kuyamaliza peke yake: maji, usafiri, dampo, mabonde ya mito.

Mkoa wa Dar es Salaam una halmashauri tano: Jiji la Dar es Salaam, yaani Ilala iliyopandishwa hadhi mwaka 2021, na manispaa za Kinondoni, Temeke, Ubungo na Kigamboni. Anayepanda basi la mwendokasi Kimara yuko Ubungo. Akifika Magomeni yuko Kinondoni. Akishuka Kivukoni yuko Jijini. Barabara ni moja, halmashauri tatu.

Lakini mfano unaoniuma zaidi ni Mto Msimbazi. Unaanzia vilima vya Pugu, upande wa Kisarawe mkoani Pwani, unapita Vingunguti na Kigogo, unapokea vijito vya Ubungo na Sinza, kisha unaingia baharini karibu na Daraja la Selander. Miti ikikatwa Pugu, taka zikitupwa mtoni, nyumba zikiruhusiwa bondeni huko juu, atakayeamkia maji chumbani ni mkazi wa Jangwani au Hananasif, ambaye hana diwani wa kumlalamikia kule uamuzi ulikofanyika. Baada ya mafuriko ya Desemba 2011, waathirika walihamishiwa Mabwepande, mbali kabisa na riziki zao. Hata hivyo karakana ya mwendokasi ilijengwa palepale Jangwani, nayo ikaja kufurika. Mto wa namna hii unapaswa kupangwa kuanzia chanzo hadi mdomo, na wote waliomo njiani wakae meza moja.

Ndiyo maana eneo la mipango si lazima lilingane na mpaka wa mkoa. Maji yanayonywewa Dar es Salaam kwa sehemu kubwa yanatoka mitambo ya Ruvu Juu na Ruvu Chini, yote ikiwa Pwani, na DAWASA, mamlaka ya maji, inahudumia Dar pamoja na sehemu za Pwani zikiwamo Kibaha na Bagamoyo.

Chombo cha kupangia jiji zima ni Mpango Kabambe, yaani ramani kuu ya matumizi ya ardhi ya jiji. Dar iliupata mwaka 1949, ikaurudia 1968 na 1979, halafu ikakaa zaidi ya miongo mitatu bila mpya. Katika sensa ya 1978 wakazi hawakufika milioni moja. Mwaka 2022 walizidi milioni 5.3. Huwezi kukua hivyo bila ramani ya pamoja usilipe gharama yake.

Hadi 2021 kulikuwa na Halmashauri ya Jiji iliyokaa juu ya manispaa na kushika mambo ya pamoja, kama dampo la Pugu Kinyamwezi. Ilivunjwa mwaka huo. Sasa kila taasisi ina fungu lake: DAWASA maji, DART mabasi ya mwendokasi, TARURA barabara za mitaa. Kwa maoni yangu, pengo liko kwenye kuyaunganisha mafungu hayo, na linapanuka, maana watu wa Dar wananunua viwanja Kibaha, Kisarawe na Mkuranga. Vibali vya ujenzi huko hutolewa na halmashauri za Pwani, huku wengi wa wanaojenga wakirudi Dar kila asubuhi kufanya kazi.