Waifugao hawakuwa watu wasio na sheria

Wengi wakisikia habari za makabila ya milima ya Cordillera, kaskazini mwa Luzon nchini Ufilipino, hukumbuka jambo moja tu: kukata vichwa. Kulipiza kisasi kulikuwepo, hilo halikanushiki. Ila kudhani kwamba kila ugomvi uliishia kwenye panga ni kosa.

Waifugao, mojawapo ya makabila hayo, hawakuwa na mfalme wala mahakama. Walikuwa na monkalun, mshenga wa kesi. Alitembea kati ya nyumba mbili akibeba madai, majibu na vitisho, huku wahasimu wakikatazwa kukutana. Mmarekani R. F. Barton, aliyeandika sheria zao mwaka 1919, anaeleza kuwa mshtakiwa akikimbia, monkalun humfuata hadi nyumbani, akaketi mbele yake na kisu cha vita mkononi, amsikilize atake asitake! Faini ilipimwa kwa hadhi ya wahusika, tajiri akitozwa zaidi ya maskini.

Mpaka wa mashamba ya mpunga uliweza kuamuliwa kwa mieleka: ulipitishwa pale walipoangukia wapiganaji. Kwa tuhuma nzito, mtu aliingiza mkono kwenye maji yanayochemka, akatoa kijiwe na kukirudisha bila haraka, kwa sababu pupa ilihesabiwa kukiri.

Ndoa nazo zilifuata utaratibu. Nguruwe alichinjwa, na kuhani, mumbaki, akasoma nyongo yake kutafuta ishara. Nyongo ikiwa mbaya, ndoa ilikuwa mashakani hata kama wawili wanapendana.