Kuandika komedi ya TV: kazi kubwa ni kufuta

Watu wakisikia naandika vichekesho vya TV wanadhani nashinda nacheka tu. Kazi kubwa ni kufuta jamani. Skripti unaihangaikia wiki nzima, inasomwa mezani na waigizaji, pale ulipodhani watavunjika mbavu panapita kimyaaa, basi mnarudi chumba cha waandishi na wenzako mnaivunja upya, na mwisho wa siku jina juu ni lako ila nusu ya maneno ni ya watu wengine. Kama una wivu na sentensi zako utateseka sana.

Huo wa chumba cha waandishi ndo mtindo wa Marekani, sizoni moja ya stesheni kubwa ilizoeleka kuwa na episodi 22 hivi na mtu mmoja haziwezi. Uingereza wamezoea mmoja au wawili waandike zote ila chache, komedi yao Fawlty Towers ni episodi 12 tu, 6 za 1975 na 6 za 1979, John Cleese na Connie Booth waliziandika wenyewe. Kwa anayeanza mi nasema chumba ni bora, unaiba ujuzi kwa wakubwa huku unalipwa.

Ukiingia unaanza chini kabisa, na usijipe presha ya kuchekesha kila dakika (wale wanaorusha vichekesho hovyo wanachosha kinoma). Anayeitwa tena ni yule ambaye stori ikikwama anauliza, huyu mhusika anataka nini hapa, na nani anamzuia? Jibu likipatikana kicheko kinakuja chenyewe. Baadaye unapewa cheo cha prodyuza, na juu kabisa kuna shorana, bosi wa shoo, huyo anasimamia hadi bajeti na kuandika kwenyewe anaibia usiku.

Shida ni hela, maana shoo ikifutwa unarudi kutafuta. Stirimingi ndo imezidisha, sizoni zimekuwa episodi 8 au 10, mkataba unaisha fasta, na vyumba vikawa vidogo hivyo anayeanza hana pa kujifunzia. Mgomo wa waandishi wa Marekani wa 2023, siku 148, ulikuwa na hilo ndani yake. Mkataba ulioumaliza uliweka kwamba sizoni ya episodi 7 hadi 12 chumba kisiwe na waandishi chini ya 5, labda kama mtu mmoja ameajiriwa aandike zote.