Jua la dhahabu haliongezi alama: lugha nyepesi katika insha ya KCSE

"Ilikuwa siku ya Jumatatu. Jua lilikuwa limechomoza na kuipasua anga kwa miale yake ya dhahabu, nao nyuni walitumbuiza kwa nyimbo tamu." Yeyote aliyewahi kusahihisha insha za KCSE, mtihani wa kitaifa wa Kidato cha Nne nchini Kenya, amekutana na jua hili. Huchomoza katika insha ya methali, katika insha ya mdokezo (ile inayoanza au kuishia kwa maneno uliyopewa), na mara nyingine hata katika ripoti kuhusu utovu wa nidhamu shuleni. Mtahiniwa hakuliona jua lenyewe, alilikariri. Kabla hajaligusa swali, tayari amemaliza mistari minne.

Karatasi ya Insha ya Kiswahili, yaani 102/1, huwa na maswali manne. La kwanza ni la lazima, na kwa kawaida huhusu uandishi wa kiuamilifu: barua rasmi, hotuba, ripoti, kumbukumbu, tahariri na kadhalika. Mtahiniwa huchagua jingine moja kati ya matatu yaliyobaki. Muda ni saa 1 na dakika 45. Kila insha ina alama 20 na haipaswi kupungua maneno 400. Alama hizo hugawanywa katika ngazi nne: D ni 01 hadi 05, C ni 06 hadi 10, B ni 11 hadi 15, na A ni 16 hadi 20. Mtahini huanza kwa kujiuliza kama insha inaeleweka na kama imejibu swali lililoulizwa. Aliyejitungia swali lake na kulijibu huangukia mwisho wa D, hata kama Kiswahili chake kinang'aa.

Nisieleweke vibaya. Msamiati bora hutambuliwa: mtahini hutia alama ya vema juu ya neno lililotumika mahali pake. Lakini ana alama nyingine pia, ya kukosoa, ambayo huiweka penye neno lisilofaa. Tatizo la misemo ya kukariri ni kwamba huvuna zaidi alama hii ya pili. Chukua mada ambayo kila mwanafunzi wa Kenya ana la kusema juu yake: madhara ya usafiri wa bodaboda. Sentensi ya namna hii ni ya kawaida sana:

"Waama, ni dhahiri shahiri kuwa usafiri wa bodaboda ambao umeenea nchini kama moto nyikani na ambao vijana wengi wanaoufanya hawana leseni imesababisha ajali nyingi ambayo zinaangamiza watu kwani wahenga walilonga kuwa ajali haina kinga."

Tuitazame kwa karibu. Kiima ni "usafiri", kwa hivyo kitenzi kilipaswa kuwa "umesababisha". Ila kati ya kiima na kitenzi chake kuna maneno zaidi ya kumi, na mwandishi alipofika kwenye kitenzi alikuwa keshasahau alianza na nini. "Ajali nyingi" zilihitaji "ambazo". Hayo ni makosa mawili ya upatanisho katika sentensi moja, na yote mawili yametokana na urefu wake. Nina hakika mwanafunzi huyo angeandika "usafiri huu umesababisha ajali" bila kukosea hata kidogo.

Kosa kubwa zaidi, hata hivyo, liko kwenye methali. Mtahiniwa anadai kuwa ajali husababishwa na vijana wasio na leseni, maana yake zinaweza kuzuiwa. Papo hapo anatuambia kuwa ajali haina kinga. Ameivunja hoja yake kwa mkono wake mwenyewe, kisa na maana alihisi kwamba aya isiyo na wahenga haijakamilika.

Sasa tulinganishe na hii: "Vijana wengi wanaoendesha bodaboda hawana leseni. Wengine hubeba abiria watatu kwa pikipiki moja, na abiria hao hawavai helmeti. Pikipiki ikiteleza, wote huanguka na kuumia kichwa." Hakuna neno hapa ambalo mtoto wa Darasa la Sita halijui. Hata hivyo hoja imetajwa, ikafafanuliwa, ikatolewa mfano, na msomaji anaiona ajali. Hivyo ndivyo hoja inavyokua, na ndivyo maneno 400 yanavyopatikana bila kurudia jambo lile lile kwa visawe vitatu.

Insha ya methali nayo huumizwa na dibaji ndefu. "Mchelea mwana kulia hulia yeye" ina pande mbili: mzazi anayemdekeza mwana, kisha mzazi huyo huyo akilia. Kisa lazima kionyeshe zote. Aliyetumia ukurasa mzima kuamka, kuoga na kustaftahi huufikia upande wa pili akiwa na sentensi tatu tu, na kilio cha mzazi, ambacho ndicho kiini cha methali, hupita kama taarifa ya habari.

Barua rasmi haihitaji maelezo marefu. Anwani mbili, tarehe, mtajo, mada, mwili, kimalizio. Salamu nyingi kama mchanga wa bahari ni za barua ya kirafiki. Mkurugenzi wa elimu anataka kujua unaomba nini, na alijue katika aya ya kwanza.

Ombi langu kwa walimu wenzangu: zile orodha za "mapambo ya lugha" tunazowapa wanafunzi wakariri, tuzipunguze. Badala yake, mwanafunzi ajifunze msemo mmoja pamoja na hali inayoufaa na hali isiyoufaa. Na tumpe maksi hadharani yule aliyeandika wazi, ili darasa zima lione kuwa uwazi unathaminiwa.

Mzazi pia ana nafasi yake, hata kama hakusomea Kiswahili. Mwambie mwanao akusomee insha yake kwa sauti. Pale anapoishiwa pumzi, sentensi ikatwe mara mbili. Pale wewe usipoelewa, muulize, "Ulitaka kusema nini?" Atakujibu kwa maneno mepesi, na mara nyingi hayo ndiyo yaliyopaswa kuandikwa. Ayaandike.

Ndani ya chumba cha mtihani, dakika tano za kwanza za kila insha ziwe za kupanga hoja. Dakika tano za mwisho ziwe za kusoma upya, kalamu mkononi, ukitafuta mambo mawili: kama kila kitenzi kinapatana na kiima chake, na "ata" na "uku" zilizoachwa bila herufi h.