Dobrawa: maana na asili ya jina la kike la Kipolandi lisilosikika sana

Dobrawa ni jina la kike la Kipolandi, la zamani kupita dola ya Polandi yenyewe, ambalo siku hizi wazazi wachache tu humpa mtoto. Anayelitafuta katika orodha za majina ya watoto hukuta limefasiriwa kwa neno moja: "njema". Fasiri hiyo haikubuniwa juzi, kwa kuwa imekuwapo kwa zaidi ya miaka 1000, lakini haimalizi habari. Jina hili lina maana mbili zinazoshindana, na ile isiyotajwa sana ndiyo, kwa maoni yangu, iliyolizaa.

Tuanze na matamshi. Kwa msemaji wa Kiswahili jina Dobrawa halina ugumu wowote, kwa sababu herufi w ya Kipolandi husomwa kama v yetu, na mkazo wa Kipolandi, sawasawa na wa Kiswahili, huangukia silabi ya pili kutoka mwisho: Do-BRA-va. Umbo la pili la jina hilohilo, Dąbrówka, ndilo linalohitaji mazoezi. Herufi ą, yenye kijimkia chini yake, huwakilisha sauti ya puani ambayo ikitangulia b husikika kama "om". Ó husomwa u. Na w ikikutana na k hugeuka kuwa f. Kwa hiyo kinachoandikwa Dąbrówka hutamkwa Dom-BRUF-ka. Sauti hiyo ya puani nimeitaja mapema makusudi, maana ndiyo itakayotusaidia kupambanua maana ya jina.

Mwenye jina anayekumbukwa na Wapolandi wote ni mwanamke mmoja wa karne ya 10. Dobrawa alikuwa binti wa Boleslav wa Kwanza, mtawala wa Bohemia aliyekaa Prague, wa ukoo wa Přemysl, yule aliyemwua ndugu yake Wenceslas, ambaye baadaye aliheshimiwa kuwa mtakatifu. Kumbukumbu za kale za miaka, zilizoandikwa kwa Kilatini katika kanisa kuu la Kraków, zinamtaja kwa ufupi wa ajabu: mwaka 965 Dobrawa alikuja kwa Mieszko, na mwaka 966 Mieszko akabatizwa. Mieszko ndiye aliyetawala nchi iliyozunguka Gniezno na Poznań, naye mpaka wakati huo alifuata dini ya asili ya Waslavi. Ubatizo wake huhesabiwa kuwa mwanzo wa dola ya Polandi, na kwa mapokeo ulifanyika tarehe 14 Aprili, siku ya Jumamosi Kuu. Tangu 2019 tarehe hiyo ni sikukuu ya taifa. Ndiyo maana jina la mke wake, hata kama halibebwi na wengi, hakuna mtoto wa shule nchini humo asiyelijua.

Maana ya kwanza, ile ya "njema", ilitolewa na Thietmar, askofu wa Merseburg huko Ujerumani, aliyeandika kitabu chake cha mambo ya nyakati kati ya 1012 na 1018, miaka kama 40 baada ya kifo cha Dobrawa. Thietmar anasema kwamba mwanamke huyo aliitwa kwa Kislavi Dobrawa, na kwamba kwa Kijerumani maana yake ni njema. Mtu yeyote aliyewahi kumsalimu Mpolandi ataona kwa nini maelezo hayo yanakubalika upesi. Salamu ya mchana ya Kipolandi ni "dzień dobry", ambayo neno kwa neno ni "siku njema" yetu. Dobry ni -ema, na dobroć ni wema. Shina hilo linapatikana pia katika majina mengine ya kale kama Dobromiła, Dobrosława na Dobroniega, hili la mwisho likiwa jina la binti wa Kiev aliyeolewa katika karne ya 11 na Kazimierz, kitukuu wa Dobrawa.

Maana ya pili inatoka msituni. Kwa Kipolandi dąb ni mwaloni, ule mti ambao wasomaji wengi wa Kiswahili wanaufahamu kwa kusoma habari za Abrahamu na mialoni ya Mamre, na dąbrowa ni msitu wa mialoni. Neno hilo limetapakaa katika ramani ya Polandi: kuna Dąbrowa Górnicza, kuna Dąbrowa Tarnowska, na kuna vijiji vingi mno viitwavyo Dąbrowa au Dąbrówka tu. Kutoka kwa mahali kama hapo yametoka majina ya ukoo, na Dąbrowski, "mtu wa Dąbrowa", ni miongoni mwa yale yanayosikika kila upande. Wimbo wa taifa wa Polandi wenyewe hujulikana kwa jina la Jenerali Dąbrowski. Kicheki nacho kina neno lilelile: mwaloni ni dub, na msitu wa mialoni ni doubrava.

Hapa ndipo sauti ya puani inapoingia. Lugha mama ya Waslavi wote ilikuwa na irabu ya puani katika neno la mwaloni. Kipolandi kiliihifadhi hadi leo, kikaiandika ą. Kicheki kiliipoteza zamani sana, ikawa u. Lakini neno la wema halikuwa na irabu hiyo hata kidogo: tangu mwanzo lina o ya kawaida, nayo haijawahi kuwa u katika Kicheki wala kuwa ą katika Kipolandi. Basi tukitaka kujua kama binti wa Prague aliitwa kwa mwaloni au kwa wema, tutazame jinsi watu wa kwao walivyoandika silabi ya kwanza ya jina lake. Cosmas, padri wa kanisa kuu la Prague aliyeandika historia ya Wacheki mwanzoni mwa karne ya 12, anaiandika kwa u, kana kwamba ni Dubravka. Kumbukumbu za Kraków nazo zina u. Mwanahistoria asiyejulikana jina, ambaye Wapolandi humwita Gallus na aliyeandika wakati uleule wa Cosmas, vilevile ana u. Mwenye o ni Thietmar, Mjerumani, na o yake inaweza kuwa jitihada ya sikio la mgeni kuinasa irabu ambayo alfabeti ya Kilatini haikuwa na herufi yake.

Kuna na kiambishi tamati. Msitu wa mialoni kwa Kipolandi huishia kwa -owa, ilhali kwa Kicheki huishia kwa -ava. Jina Dobrawa, kwa mwisho wake huo, lina mhuri wa kwao alikotoka bibi harusi, na linalandana na doubrava ya Kicheki kuliko dąbrowa ya Kipolandi. Ninapozijumlisha ishara hizi mbili, u ya Wacheki na -ava yao, naona mizani inaelemea upande wa mwaloni. Wapo wataalamu wanaoshikilia upande wa wema, na hoja yao si dhaifu, kwa kuwa Thietmar ndiye shahidi wa karibu zaidi kwa wakati. Hata hivyo ukaribu wa wakati haumfanyi mtu kuwa na sikio la Kislavi.

Kwa nini basi askofu akachagua wema? Kitabu chake kinajibu chenyewe. Anasimulia kwamba Dobrawa, alipoona mume wake bado hajaongoka, alikubali kula nyama wakati wa Kwaresima ili asimkatishe tamaa, akatenda dhambi kwa hiari yake kwa muda ili baadaye aweze kutenda mema. Katika masimulizi hayo jina linakuwa ushahidi: njema kwa jina, njema kwa matendo. Gallus ana kisa kingine, kwamba Mieszko alikuwa na wake saba, na Dobrawa akakataa kuwa mke wake mpaka awaache wote. Cosmas, kwa upande wake, hakuona wema wowote. Akiandika habari za kifo cha Dobrawa, kilichotokea mwaka 977, anamlaumu kuwa mwanamke asiye na haya, ambaye alipoolewa na mtawala wa Polandi akiwa tayari mtu mzima alivua kitambaa chake cha kichwani akavaa taji la wanawali. Mwanamke ni yuleyule. Inafaa kukumbuka pia kwamba watu wa zama hizo walitarajia jina liseme neno: Cosmas huyohuyo anasimulia kuwa Boleslav alikuwa na mtoto wa kiume aliyeitwa Strachkvas, yaani "karamu ya kutisha", kwa sababu alizaliwa usiku wa karamu ile ambayo Wenceslas aliuawa.

Sasa swali la pili: kwa nini jina lenye historia kama hii limekuwa adimu? Wakatoliki wanaosema Kiswahili wanalo neno linaloeleza jambo hili vizuri kuliko maelezo marefu, nalo ni somo. Mtoto akibatizwa kwa jina la mtakatifu, mtakatifu yule ni somo wake, na sikukuu yake inakuwa sikukuu ya somo. Wapolandi wana desturi hiyohiyo, imieniny, na wengi wao, hasa wazee, huiadhimisha kwa uzito kuliko siku ya kuzaliwa. Majina ya kale ya Kislavi hayakuwa na masomo mbinguni. Tangu karne ya 13 na kuendelea yalianza kusukumwa pembeni na majina ya watakatifu wa Kanisa zima, na baada ya Mtaguso wa Trento, uliofanyika kati ya 1545 na 1563, mapadri walihimizwa kwa nguvu zaidi wawabatize watoto kwa majina ya watakatifu. Yaliyosalimika ni yale yaliyojipatia mtakatifu wake: Stanisław, kwa ajili ya askofu wa Kraków aliyetangazwa mtakatifu 1253, Wojciech, Kazimierz, Wacław na mengine machache. Dobrawa hakutangazwa mtakatifu. Imani aliyokuja nayo kutoka Prague ndiyo iliyokuja kulifuta jina lake kwenye vitabu vya ubatizo, na sijui jina jingine la Kipolandi lililopatwa na jambo zito kama hilo.

Lilirudi polepole. Katika karne ya 19, nchi ikiwa imegawanywa kati ya Urusi, Prussia na Austria, wasomi na wasanii wa Kipolandi waliyafufua majina ya Kislavi kama sehemu ya kulinda utaifa wao. Mchoraji Jan Matejko alimchora Dobrawa kando ya Mieszko katika picha yake ya 1889 kuhusu kuingia kwa Ukristo. Poznań kuna shule ya sekondari yenye jina la Dąbrówka. Na atakayeshika noti za kawaida za Kipolandi atakuta picha ya Mieszko kwenye ile ya złoty 10, na kwenye ile ya złoty 20 picha ya Bolesław, mtoto wa Dobrawa, aliyepewa jina la babu yake wa Prague na aliyetawazwa mfalme mwaka 1025. Mume na mwana wamo katika kila pochi. Yeye amebaki katikati yao bila noti yake.

Vizuizi vya zamani kwa mzazi wa leo vimekwisha. Sheria za Kanisa za 1983 zinataka tu jina lisiwe geni kwa hisia za Kikristo, wala hazilazimishi mtakatifu. Sheria ya serikali ya Polandi inampa mtoto majina yasiyozidi mawili, na inakataza kuandikisha jina katika umbo la kudekeza, lile ambalo watu wa nyumbani hulitumia kwa mapenzi. Dobrawa lina umbo kama hilo, Dobrusia, ambalo mama atalitumia jikoni lakini msajili hataliandika kwenye cheti. Dąbrówka, ingawa lina mwisho -ka unaofanana na wa majina ya kudekeza, ni umbo kamili la kihistoria. Nje ya mipaka, Wacheki wana Doubravka, na Wakroatia wana Dubravka, ambalo kwao ni jina la kawaida kabisa la wanawake, na ambalo maana yake ya msituni haina utata.

Jambo moja la mwisho kuhusu masikio ya sasa. Maumbo haya mawili, yaliyoanza kama jina moja la mtu mmoja, yamekuja kugawana maana zile mbili. Mpolandi akisikia Dąbrówka, husikia mialoni, husikia jina la kijiji, na husikia pia mmea mdogo wa maua ya buluu unaotambaa kwenye nyasi, ambao nao huitwa dąbrówka. Akisikia Dobrawa, haoni mti wowote. Husikia dobra, njema, kama alivyosikia Thietmar. Na kwa kuwa majina ya Kipolandi hubadilika mwisho kulingana na kazi yake katika sentensi, mtoto huyo ataandikwa Dobrawa kwenye cheti, kitabu chake kitakuwa cha Dobrawy, zawadi atapewa Dobrawie, na akiitwa kutoka dirishani arudi ndani kula, ataitwa "Dobrawo!"