Miaka Mitano ya Marejesho Si Robo ya Nyumba: Dhana Potofu Kuhusu Mkopo wa Nyumba

Hivi majuzi alikuja ofisini kwangu mama mmoja muuguzi anayeishi Bamburi, hapa Mombasa, akiwa amebeba bahasha ya kaki yenye taarifa zote za mkopo wa nyumba ambao yeye na mumewe wanaulipa pamoja, zimepangwa mwezi kwa mwezi na kubanwa kwa pini. Alitaka nimsaidie kuandika barua ya kuomba mkopo wa pili juu ya nyumba ile ile. Hoja yake ilikuwa kwamba wamelipa miaka mitano kati ya ishirini bila kuchelewa hata mwezi mmoja, na kwa hivyo robo ya nyumba ni yao tayari. Nilimwomba afungue ukurasa wa mwisho na kuweka kidole kwenye salio. Walikopa shilingi 6,000,000, na salio lilikuwa 5,602,000 na ushei. Alikitazama kidole chake kwa muda, kisha akauliza, "Kaka yangu, benki imetuibia?"

Benki haikuwaibia. Hesabu ilikuwa sahihi mpaka shilingi ya mwisho, na hilo ndilo linaloniuma, kwa sababu dhana hii ya kwamba robo ya muda ni sawa na robo ya deni nimeisikia kwa mabaharia, kwa madaktari, kwa wafanyabiashara wa Kongowea na kwa makarani wa bandari, watu ambao wakinunua gunia la mchele hulipima wenyewe, lakini waliweka sahihi kwenye deni la miaka ishirini bila kuuliza swali moja zaidi ya kiasi cha kulipa kila mwezi.

Mkopo wao ni wa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, na kwa bahati riba hiyo haikuwa imebadilishwa. Asilimia 14 ya 6,000,000 ni 840,000 kwa mwaka, yaani 70,000 kwa mwezi, na marejesho yao ya kila mwezi ni 74,611. Maana yake ni kwamba katika mwezi wa kwanza shilingi 70,000 zilikwenda kwenye riba, na 4,611 tu ndizo zilizogusa deni la msingi, yaani zile fedha zenyewe walizokopa. Mwezi wa pili riba ilikokotolewa juu ya salio lililopungua kwa hizo 4,611, kwa hivyo riba yenyewe ilishuka kwa shilingi 54. Mwezi wa tatu ikashuka kwa kiasi kama hicho. Mtu akitazama taarifa za mwaka wa kwanza ataona ni kama anatwanga maji kwenye kinu, na kwa kweli hakosei sana. Katika miezi 60 familia hii ilitoa mfukoni takriban shilingi 4,477,000, na deni likapungua kwa takriban 397,000.

Nilichukua karatasi nikamchorea yaliyo mbele. Mwezi wa kwanza ambapo sehemu ya marejesho inayokwenda kwenye deni la msingi itaizidi sehemu ya riba ni mwezi wa 182, ndani ya mwaka wa kumi na sita. Nusu ya deni la msingi itakuwa imelipwa katika mwezi wa 186. Wakifika mwisho wa miaka ishirini, riba ikibaki ilivyo, watakuwa wamelipa takriban 17,907,000, na kati ya hizo riba ni karibu milioni 11.9. Nyumba waliinunua kwa 7,500,000, na 1,500,000 walizitoa wenyewe kama malipo ya awali.

Sisemi haya ili kumtisha mtu asikope. Nimeshughulikia mikopo kwa miaka mingi na najua kwamba kwa mwajiriwa wa kawaida hakuna njia nyingi za kumiliki nyumba. Ninachokipinga ni mazoea ya kuchagua mkopo kwa kutazama marejesho ya mwezi peke yake, maana muda wa mkopo ndio unaoamua bei, na ofisa anayekuhudumia ana kila sababu ya kukupa muda mrefu ukimwambia kwamba marejesho yanakulemea. Mkopo ule ule wa 6,000,000 kwa asilimia 14 ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, marejesho ni 79,905 kwa mwezi, yaani nyongeza ya takriban shilingi 5,300, na jumla ya malipo inapungua kwa zaidi ya milioni tatu na nusu. Ukirefushwa hadi miaka 25, marejesho yanashuka hadi 72,226, nafuu ya chini ya shilingi 2,400 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo utalipa ziada ya takriban milioni 3.76. Ninapomwonyesha mteja namba hizi mbili zikiwa zimeandikwa karatasi moja, sihitaji kumshauri tena.

Kwa hivyo kabla ya kuweka sahihi, iombe benki jedwali la marejesho la mkopo wako, mwezi kwa mwezi hadi wa mwisho, lenye safu ya riba, safu ya deni la msingi na safu ya salio. Ni haki yako kuliona, na kompyuta hulitoa kwa dakika moja. Mteja akiniambia kwamba aliona haya kuliomba, mimi hukasirika waziwazi, na siombi radhi kwa hilo.

Jambo la pili ninaloling'ang'ania ni malipo ya ziada ya mapema. Tuseme mwishoni mwa mwaka wa kwanza umepata 500,000, labda ni zamu yako ya chama, labda umeuza kiwanja cha urithi. Ukizipeleka zote kwenye deni la msingi na kuendelea kulipa 74,611 kama kawaida, mkopo uliokuwa umebakisha miezi 228 utaisha ndani ya miezi kama 164, na utaokoa zaidi ya milioni nne za riba. Lakini ni lazima uiandikie benki kwamba fedha hizo zinapunguza deni la msingi na kwamba unataka muda ufupishwe huku marejesho yakibaki palepale. Usipoandika, zinaweza kukaa kwenye akaunti kama malipo yaliyotangulia, au benki ikakupunguzia marejesho na kuuacha muda ule ule, na hapo sehemu kubwa ya faida imepotea. Ukishaandika, rudi mwezi unaofuata uone salio limeshuka. Soma pia kipengele cha kulipa mapema katika barua ya mkopo, uone kama kuna ada.

Dhana nyingine imefungamana na hii: kwamba riba iliyoandikwa siku ya kwanza ndiyo itakayodumu. Mikopo mingi ya nyumba hapa Kenya ni ya riba inayobadilika. Sheria iliyoweka kikomo cha riba mwaka 2016 ilikwisha kuondolewa mwaka 2019, na tangu hapo benki hupanga riba kwa kutazama gharama zake na hatari ya mkopaji. Riba ikipanda, benki huongeza marejesho au hurefusha muda, na wateja wengi hufurahia njia ya pili kwa sababu hawaoni maumivu. Mrudie yule muuguzi na salio lake la 5,602,000. Riba yake ikitoka asilimia 14 hadi 16, riba ya mwezi mmoja inakuwa takriban 74,700, ilhali marejesho ni 74,611. Akiendelea kulipa kiasi kile kile, deni litaanza kukua huku yeye akilipa kila mwezi bila kukosa, na hakuna urefu wa muda utakaolimaliza.

Wanaosema kwamba Benki Kuu ikishusha riba yake basi na yao imeshuka, wapime kwa taarifa zao wenyewe. Riba ya Benki Kuu ya Kenya ilikuwa asilimia 13 mwezi wa Februari 2024, ikaanza kushushwa mwezi wa Agosti mwaka huo, na kufikia Juni 2025 ilikuwa 9.75. Niliowaona wakinufaika mapema ni wale walioandika barua na kuifuatilia.

Kuhusu usemi kwamba kodi ya nyumba ni pesa iliyotupwa, jibu langu ni fupi: riba nayo ni kodi, ila unakodi fedha badala ya vyumba. Mwenye nyumba hubeba pia mambo ambayo mpangaji hayaoni. Analipa kodi ya ardhi ya kaunti kila mwaka, na kwa hatimiliki za muda anailipa serikali kuu pango la ardhi. Akinunua ghorofa Nyali au Kizingo anachangia mlinzi, lifti, pampu ya maji na rangi ya jengo. Kisha kuna bahari. Hewa ya chumvi hupenya zege, nondo zikashika kutu na kuvimba, na zege la baraza likapasuka na kudondoka vipande. Anayeishi karibu na pwani asipotenga fedha za ukarabati kila mwaka atakopa tena kwa ajili hiyo. Huenda kununua bado kukawa na faida kwako, lakini linganisha kodi na gharama zote hizi, usilinganishe na marejesho pekee.

Malipo ya awali si gharama yote ya kuanzia. Ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki ni asilimia 4 ya thamani kwa ardhi ya mjini na asilimia 2 kwa ya mashambani, kwa hivyo nyumba ya 7,500,000 hapa mjini inakudai 300,000 kabla hujapewa ufunguo. Kusajili rehani yenyewe kuna ushuru wa asilimia 0.1 ya mkopo. Unamlipa wakili wako, unamlipa na wakili wa benki, unamlipa mthamini, unalipa ada ya benki ya kuandaa mkopo, na bima ya maisha na ya moto itakufuata miaka yote. Nimeona watu wakichukua mkopo wa simu ili kuzilipa gharama hizi, na ni uamuzi mbaya kuliko yote niliyoyataja.

Hapa Mombasa naulizwa sana kuhusu fedha zinazofuata sharia, na wapo wanaodhani kwamba kwa kuwa hakuna riba basi hakuna gharama. Katika murabaha benki hununua nyumba na kukuuzia kwa bei yenye faida yake, na bei hiyo ikishakubaliwa haipandi, jambo ambalo ni kinga ya kweli. Katika musharaka inayopungua unanunua hisa za benki kidogo kidogo huku ukiilipa pango kwa sehemu iliyobaki, na pango hilo linaweza kupitiwa upya kulingana na mkataba. Anayechagua njia hii kwa ajili ya dini yake amefanya jambo la heshima; namwomba tu aulize jumla ya malipo hadi mwisho, kama ambavyo angeuliza kwingine. Mwenye nyumba bila ardhi, yaani nyumba iliyo juu ya kiwanja cha mtu mwingine, ambayo kwetu pwani ni jambo la kawaida, ajue kwamba benki hutaka hatimiliki ya ardhi yenyewe, na mkataba wa pango la kiwanja hautoshi kuwa rehani.

Nafuu ya kodi ya mapato nayo huzidishwa midomoni. Tangu tarehe 27 Desemba 2024, riba ya mkopo wa nyumba unayoishi hukatwa kwenye mapato yanayotozwa kodi hadi 360,000 kwa mwaka. Kinachopungua ni mapato yanayotozwa, si kodi yenyewe: aliye katika daraja la asilimia 30 ataokoa shilingi 9,000 kwa mwezi, si 30,000. Idai hata hivyo, na umpelekee mwajiri hati ya benki.

Wengine hunitajia kwa uhakika mkubwa sheria inayokataza benki kudai zaidi ya mara mbili ya ulichokopa. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, kinahusu mkopo ulioacha kulipwa: riba inayoweza kudaiwa kuanzia hapo haizidi deni la msingi lililokuwepo mkopo ulipokwama. Mkopo unaolipwa vizuri kwa miaka ishirini hauguswi nacho, na ndiyo maana milioni 6 zinaweza kuzaa karibu milioni 18 kihalali.

Na mwisho ni wale wanaosema kwamba wakishindwa, benki ichukue nyumba na mambo yaishe. Hayaishi. Chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012 benki hukupa notisi ya angalau miezi mitatu kulipa unachodaiwa, kisha notisi ya siku 40 kabla ya kuuza, na ni lazima nyumba ithaminiwe kabla ya mnada. Bei ya mnada isipofikia deni, salio linabaki juu yako pamoja na gharama za dalali. Ile miezi mitatu ndiyo nafasi ya kwenda benki na kuomba ridhaa ya kuuza mwenyewe kwa bei ya soko, kabla tangazo halijabandikwa langoni.