Taji lilimfungulia mlango, lakini ni mwili wa dansa uliomweka Michelle Yeoh kwenye filamu

Mwezi uliopita msichana mmoja alinijia darasani hapa Kisumu, ametoka tu kushinda shindano la urembo, sashi ameikunja vizuri kwenye mkoba kama cheti, akaniambia mwalimu, mimi sasa nataka kuingia kwa muvi. Nikampa sini ndogo, yaani kipande cha kuigiza: simu inalia, dadako anakuambia mama amelazwa, basi. Nikawasha kamera. Alilia, na machozi yalikuwa ya kweli kabisa, lakini tulipoiangalia ile video nikiwa nimezima sauti hukuona mtu aliyepata habari mbaya, uliona modo. Goti moja limekunjwa mbele ya lingine, mkono kiunoni, kidevu juu, bega limegeukia kamera. Hata kwenye kilio mwili ulikuwa bado unatafuta majaji wamekaa upande gani.

Sikumlaumu na sitaki mtu amlaumu. Miezi mingi amefundishwa hivyo na watu waliojua kazi yao, maana jukwaa la urembo linataka uonekane na yule aliyekaa safu ya mwisho kabisa ya ukumbi, kwa hivyo kila kitu unakifanya kikubwa na unakishikilia, tabasamu unalishikilia, mkao unaushikilia, macho unayapeleka moja kwa moja kwa watu. Kamera ya filamu iko karibu na uso wako kuliko mtu unayeongea naye. Ukishikilia kitu hata nusu sekunde zaidi inakuona. Ukiiangalia kwenye jicho umeharibu, dairekta anasema turudie. Yaani karibu kila kitu kilichompa yule msichana ushindi ndicho anachotakiwa kukiweka chini kabla ya kuanza kuigiza, na hiyo inauma kwa sababu ni kumwambia mtu aweke kando kitu anachojivunia.

Hapo ndio huwa nawaeleza wanafunzi wangu habari za Michelle Yeoh, mwigizaji wa Malaysia, na huwa nazieleza kirefu.

Mimi nilimwona mara ya kwanza kwenye kibanda cha video mtaani Kondele, hapa hapa Kisumu, nikiwa mtoto, tumebanana kwenye mabenchi, moto kweli kweli mle ndani, na sikujua anaitwa nani. Zamani zile alikuwa akiandikwa Michelle Khan. Kitu ambacho nilikuja kukielewa baadaye nikiwa nimeanza kufundisha ni kwamba filamu nyingi za Hong Kong za miaka ya 80 zilikuwa zinapigwa bila kurekodi sauti pale pale, sauti zinawekwa baadaye studio na mara nyingi ni za watu wengine kabisa. Halafu zikifika huku kwetu wakaja ma-DJ wa kutafsiri, DJ Afro ndiye wengi wanamjua, wakafunika tena ile sauti kwa Kiswahili. Sasa jiulize, sauti imetolewa mara mbili, mtazamaji hajui lugha, televisheni ni ndogo na picha inatetemeka, na bado watoto wa Kondele tulikuwa tunajua huyu dada ameogopa, hapa amekasirika, hapa anajifanya tu. Tulikuwa tunasoma mwili wake. Ndio maana hata leo darasani kwangu video ya kwanza huangaliwa bila sauti.

Alizaliwa Ipoh, Malaysia, 1962, na bale alianza akiwa na miaka 4. Akiwa na miaka 15 familia ilimpeleka Uingereza, akasoma huko mpaka akaingia Royal Academy of Dance kule London, na maisha yake yote yalikuwa yamepangwa kuzunguka dansi. Kisha akaumia uti wa mgongo. Kucheza bale kama kazi kukaishia hapo na akageukia kutunga dansi na masomo ya sanaa. Mimi nimecheza dansi kabla ya kufundisha kamera kwa hivyo hapa huwa napunguza mwendo kidogo nikisimulia, kwa sababu watu huruka haraka kwenda kwa taji na hawaoni kwamba aliyevikwa hilo taji alikuwa msichana aliyetoka kupoteza kitu alichokipenda tangu utotoni. Mamake ndiye aliyempelekea jina kwenye mashindano, yeye hata hakuwa ameulizwa. 1983 akawa Miss Malaysia, akaenda Miss World, na mwaka uliofuata akaitwa Hong Kong kupiga tangazo la saa na Jackie Chan. Tangazo likamfikisha kwa kampuni ya filamu.

Hiyo ndiyo kazi ya taji na nasema kwa heshima, ilikuwa kubwa, bila hilo tangazo pengine hatungemjua. Lakini imeishia hapo. Filamu yake ya kwanza, 1984, alipewa nafasi ya yule msichana mzuri mpole, na warembo wangapi wamepewa nafasi hiyo hiyo wakabaki nayo mpaka wakachoka! Yeye alikuwa anaangalia wanaume wakipanga mapigano pale kwenye seti na akaona kitu anachokijua: hesabu, hatua, kugeuka, umbali kati ya mtu na mtu. Aliona dansi. Akaomba afundishwe, akaanza kujifua na mastantimeni, wale wanaofanya michezo ya hatari kwenye filamu, akianguka na kuinuka nao, na 1985 akatoka na Yes, Madam! akiwa polisi anayepiga watu mwenyewe.

Ngoja nieleze kwa nini dansa anavuka haraka. Kwenye seti chini kumebandikwa kipande cha seloteipu, hiyo ndiyo alama yako, unatakiwa ufike pale ukiongea na bila kuangalia chini, ukikosa kwa hatua moja uso wako hauko kwenye fokasi tena. Ukishika kikombe kwa mkono wa kulia ukitamka neno fulani, utakishika hivyo hivyo kila mnaporudia, hata kama ni mara 10, la sivyo mhariri hawezi kuunganisha. Dansa haya anayo mwilini tayari, anajua nafasi bila kuiangalia, anajua kurudia kitu kile kile na bado kikaonekana kipya. Mrembo wa jukwaani amefundishwa kufanya kitu mara moja tu, usiku mmoja, kikamilifu. Ni ujuzi mwingine.

1988 aliolewa akaacha filamu kabisa, ndoa ikaisha 1992, akarudi, na watu wakidhani amechelewa akaja na ile filamu ya polisi, Police Story 3, pamoja na Jackie Chan ambapo anarukisha pikipiki mpaka juu ya treni inayotembea. Pikipiki alijifunza kwa ajili ya kazi hiyo. Sisi tulipiga mayowe kibandani mpaka mwenyewe akatishia kuzima mashine.

Wasichana wangu huipenda sehemu hiyo ya pikipiki, mimi huwarudisha kwa majeraha. 1996 akiigiza kama mwanamke wa stanti aliruka kutoka darajani, akatua vibaya na mgongo ukaumia tena, ule ule mgongo jamani. Halafu kwenye Crouching Tiger, Hidden Dragon, ile ya 2000, kano ya goti ilikatika, akafanyiwa upasuaji, akarudi kazini. Na maneno ya Kimandarin kwenye hiyo filamu aliyakariri kwa matamshi tu, maana alikuwa amekulia Kiingereza na Kimalay na Kichina cha kuandikwa hakisomi. Kwa hivyo tena, kama kule mwanzo, lugha haikuwa yake na mwili ukabeba kazi.

Huku kwetu ukitaja Oscar lazima mtu akuambie Lupita Nyong'o, na ni haki, ni wa kwetu, tulifurahi naye 2014. Lakini Lupita hakupitia taji, alisomea uigizaji Yale. Ukitaka kuona waliotoka kwenye mashindano ya urembo mpaka juu kabisa angalia usiku wa Machi 12, 2023. Michelle ana miaka 60, anapokea tuzo ya mwigizaji bora wa kike, mtu wa kwanza kutoka Malaysia kufika pale, na mmoja wa wale wawili waliomtangaza ni Halle Berry, mweusi wa kwanza kuishinda tuzo hiyo, 2002, na ambaye 1986 alikuwa Miss Ohio akawa wa pili Miss USA. Hiyo picha ya Halle akimpa ile sanamu nimeichapisha, iko ukutani darasani.

Yule msichana wa sashi nilimpeleka ufuoni Dunga Jumamosi iliyofuata. Sikumpa skripti. Nilimwomba mama mmoja anayeuza samaki amkalishe pembeni ampe kisu na beseni la ngege, yaani tilapia, apare magamba mpaka yaishe, na mimi nikakaa mbali kidogo na kamera ya simu. Samaki watano wa kwanza alikuwa amenyooka mgongo, magoti pamoja, kisu anakishika na vidole viwili. Wa sita alimteleza. Akainama, akambana kwa goti, gamba likamrukia shavuni akalifuta na bega kwa sababu mikono ilikuwa michafu, na hapo hapo nikampigia simu yake, ikawa inalia kwenye begi na yeye hawezi kuishika, akaangalia begi, akaangalia mikono, akaangalia yule mama.

Hiyo sekunde tatu hivi ndiyo niliyomwonyesha bila sauti. Akaniuliza, mwalimu, huyo ni mimi? Jumamosi ijayo tunaanza kuanguka, magodoro nimeshaazima, wanaokuja wavae suruali na wavue hereni.