Aliyevunja mkataba ni mwenye mradi, mbona benki imemlipa yeye?

Hii ya dhamana za benki inaliza makontrakta na masapulaya wengi, na mara nyingi sio kwamba benki imewatapeli, ni kwamba walisaini karatasi wakidhani ni kitu kingine. Umeshinda tenda, mwenye mradi anataka dhamana ya utekelezaji, yaani ahadi ya benki kumlipa usipotimiza mkataba (kule Kenya sheria ya manunuzi ya umma ya 2015 inamruhusu kudai mpaka asilimia 10 ya thamani ya mkataba), benki inamwandikia, wewe unaiachia benki hati ya nyumba au pesa kwenye akaunti iliyofungwa, kazi inaanza. Siku mkikosana ndo haya yanatoka.

"Kama sijakosea benki haiwezi kulipa"

Inaweza, na kama dhamana ni ile ya kulipwa pale inapodaiwa basi inatakiwa ilipe. Kesi inayotajwa sana, mpaka mahakama za Nairobi, ni ya Edward Owen dhidi ya Barclays, Mahakama ya Rufani ya Uingereza, 1977. Kampuni ya Kiingereza ilikubali kupeleka na kusimika grinihausi Libya, ikatoa dhamana ya asilimia 10 ya bei. Wanunuzi nao walitakiwa wafungue elsii iliyothibitishwa, yaani ahadi ya benki ya kulipia mzigo ambayo benki ya pili nayo inaibeba, ili muuzaji awe na uhakika wa kulipwa, hawakufungua ile waliyokubaliana, muuzaji akasimamisha kila kitu. Halafu sasa cheki, hao hao wanunuzi ndo wakaidai dhamana! Muuzaji akakimbilia mahakamani benki izuiwe, jaji Lord Denning na wenzake wakakataa: ugomvi wa muuzaji na mnunuzi benki haiuhusu, yenyewe iliahidi kulipa ikidaiwa bila ushahidi wala masharti, kwa hiyo ilipe. Ikishalipa inamrudia mteja wake kwa ile ahadi aliyosaini ya kuifidia benki, na hiyo ndo karatasi ambayo watu hawaisomi kabisa.

"Basi nitasema ni utapeli, jaji atatoa zuio"

Udanganyifu kweli ndo mlango uliobaki, ila ni mwembamba. Lazima uwe wazi na benki iwe inaujua. Wewe kusema kazi niliimaliza na yeye kusema hujaimaliza, huo ni mgogoro wa kawaida tu, peleka kwa msuluhishi, dhamana itaendelea kulipwa. India mahakama zinaongeza sababu ya pili, hasara isiyoweza kurekebishika, na hapo napo sio kila anayelia anasikilizwa.

"Imeandikwa garantii tu, kwa hiyo mpaka kosa lithibitishwe kwanza"

Jina la juu halikuokoi. Mwaka 2012 kule London, kesi ya Wuhan Guoyu, kampuni ya China, na Emporiki Bank ya Ugiriki, karatasi ya kudhamini awamu moja ya bei ya meli iliitwa garantii ya malipo, jaji wa kwanza akaona ni udhamini wa kawaida ambao unasubiri deni lithibitike, Mahakama ya Rufani ikageuza kwa sababu imetolewa na benki, wahusika wako nchi tofauti, na inasema italipa ikidaiwa. Ikawa bado. Baadaye wasuluhishi wakasema ile awamu ya malipo haikuwa imefika muda wake, na mwaka 2013 mahakama ikashikilia vile vile kwamba benki ilipe, maana dai lilikuwa sahihi siku lilipopelekwa.

Wanaodai nao wana yao, wanadhani barua yoyote inatosha. Kama dhamana iko chini ya URDG 758, zile kanuni za dhamana za ICC (chama cha kimataifa cha wafanyabiashara, sio ile mahakama) zilizoanza Julai 2010, dai linatakiwa liambatane na maelezo kwamba mwenzako amekiuka wapi, na lifike kabla dhamana haijaisha muda, ukichelewa siku moja imekula kwako. Benki ina siku 5 za kazi kulikagua, ikizembea kutoa taarifa ya kukataa ndani ya muda huo inapoteza haki ya kusema karatasi zina kasoro. Kuna na ule mchezo wa "ongeza muda au lipa", anayedai anaiambia benki irefushe muda wa dhamana la sivyo ilipe, ambao mimi naona ni shinikizo tu lililovaa tai, na kanuni zinaruhusu benki isitishe malipo mpaka siku 30 wakati mnaongea.

"Pesa ikishatoka ndo imeenda"

Hapana. Kampuni ya Cargill iliuzia sukari shirika la sukari la Bangladesh, meli ikachelewa, mnunuzi akataka kubaki na dhamana yote ya asilimia 10. Mahakama za Uingereza zikasema mwisho wa siku lazima kupigwe hesabu, kilichozidi hasara halisi kirudi kwa muuzaji. Kwa hiyo kabla hujasaini angalia kipengele cha usuluhishi kinakupeleka mji gani, na pambania kiasi cha dhamana kiwe kinapungua kadiri kazi inavyokabidhiwa, maana kuifuata hiyo ziada nchi ya mwenzako wakati benki yako imeshakukata kwenye akaunti ni shughuli nyingine kabisa.